Muulize Mjomba: Nyumba ni ya milioni 6, mbona nitalipa 16?

Mwezi huu karibu kila barua ni ya nyumba, sijui ni msimu wa bonasi ama ni zile brosha ma-ajenti wanagawa kwa supamaketi. Nimechukua tano. Hesabu nimezipiga kwa kalkuleta ya kawaida ya mkopo, nimeondoa senti, na pale sijasema kitu kingine chukulia riba haijabadilika mpaka mwisho, ingawa itabadilika, tutafika huko.

SWALI: Shikamoo Mjomba. Mimi na mume wangu tumependa nyumba ya vyumba vitatu Kitengela, bei milioni 6. Tuko na akiba ya milioni moja na benki imekubali kutupa 5, miaka 20, riba asilimia 14. Afisa wa mikopo anasema kila mwezi ni 62,000 na kitu. Saa hii tunalipa kodi ya 35,000 kwa hivyo tukaona tukijibana tutaweza. Sasa shemeji yangu akachukua simu akazidisha akacheka, akasema mtalipia nyumba tatu mkae kwa moja. Ana wivu ama ni ukweli? – Mama wawili, Kitengela

Marahaba mwanangu. Wivu sijui, mambo ya mashemeji siingilii, lakini hesabu yake iko karibu sana na ukweli.

Milioni 5 kwa asilimia 14 kwa miaka 20 ni 62,176 kila mwezi. Mara miezi 240, inakuja milioni 14.9. Yaani mmekopa 5 mkarudisha 14.9, riba peke yake ni milioni 9.9. Weka ile milioni yenu ya mwanzo, mko 15.9, na bado sijagusa wakili wala ushuru wa stempu. Ndo hiyo 16 yenyewe.

Lakini jumla si ndo inaumiza watu, jumla unaweza kuizoea. Kinachouma ni vile pesa inagawanywa. Mwezi wa kwanza mtalipa 62,176, na katika hiyo riba inakula 58,333. Deni lenyewe linapungua kwa 3,843. Mwezi unaofuata riba inapungua shilingi arobaini na kitu, na hivyo hivyo polepole. Mkilipa miaka mitano bila kukosa hata mwezi mmoja mtakuwa mmetoa milioni 3.73, mkienda benki kuuliza deni limebaki ngapi mtaambiwa milioni 4.67. Miaka mitano, na deni limeshuka laki 3 na elfu 31. Watu hufikiri benki imewaibia hapo, wanapiga simu kwa hasira, na hakuna aliyeiba, ni vile riba inahesabiwa kwa deni lililobaki na mwanzoni karibu deni lote limebaki. Nusu ya mkopo, ile milioni mbili na nusu, mtaivuka mwaka wa 16.

Sasa hii ndo inakuwa shida mkitaka kuuza mapema. Mtu anahamishwa kazi mwaka wa nne, anauza nyumba, benki inachukua chake kwanza, anabaki akishangaa zile milioni karibu tatu alizolipa zilienda wapi. Kama hamna uhakika mtakaa Kitengela miaka kumi hivi na kuendelea, fikirieni tena, na nasema hivi nikijua hakuna mtu anajua atakuwa wapi miaka kumi ijayo.

Kitu ambacho afisa hakuwaambia, manake hakuna aliyemuuliza, ni miaka. Watu wanabishana na benki juu ya nusu asilimia ya riba alafu miaka wanaiacha vile ilivyoandikwa kwa fomu. Angalia hapa. Mkopo huo huo, riba hiyo hiyo ya 14, kwa miaka 15 ni 66,587 kwa mwezi. Ni 4,411 zaidi. Na jumla inakuwa milioni 11.98 badala ya 14.92, mmeokoa karibu milioni 3 kwa kuongeza elfu nne na kitu kwa mwezi, pesa ya bando na soda. Upande wa pili, mkienda miaka 25 mnapunguziwa shilingi 1,988 tu kwa mwezi na mnaongeza milioni 3.1 kwa jumla. Elfu mbili kwa mwezi! Kwa hivyo mtu akikwambia "tunaweza kukuongezea miaka ikuwe rahisi", omba kalkuleta kabla hujasema asante.

Gharama za kuingia sasa. Ushuru wa stempu mjini ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba, hapo ni 240,000, na inatakiwa keshi kabla ya uhamisho, mara nyingi benki haikukopeshi hiyo. Kusajili rehani ya benki kuna ushuru wake, asilimia 0.1 ya mkopo, 5,000, hiyo ni ndogo. Kuna wakili wenu na kuna wakili wa benki, na wote wawili mnalipa nyinyi, watu wengi hawaamini mpaka waone bili. Kuna mthamini. Kuna ada ya benki ya kupanga mkopo, mahali pengi asilimia moja mpaka mbili na kitu. Mimi ningeweka kando kati ya laki 4 na nusu na laki 6, na nisingegusa ile milioni moja ya dipoziti kuzilipa. Alafu kila mwaka bima ya maisha ya mkopo na bima ya nyumba yenyewe, hizo ni lazima, na kwa sababu benki mara nyingi inazikata pamoja na malipo ya mwezi, ile 62,176 kwa kweli inakuwa zaidi. Ulizeni ni ngapi. Kama ni nyumba ya esteti yenye geti, kuna sevisi chaji ya walinzi na takataka na taa, hiyo haiishi hata mkimaliza mkopo. Na land rates za kaunti.

Kwa upande wa haki, nisiwe kama shemeji. Ile 62,176 ya mwaka wa 18 si sawa na ya leo. Ukiangalia mshahara wako wa miaka 18 iliyopita utanielewa. Kodi ya nyumba inapanda, malipo ya mkopo hayapandi na bei ya unga, yanapanda na riba tu. Mwisho wa yote mna nyumba na mwenye kupanga ana risiti. Pia serikali inawaachia kidogo: riba ya mkopo wa nyumba unayoishi mwenyewe inaondolewa kwa mapato kabla ya kukatwa PAYE, mpaka shilingi 360,000 kwa mwaka tangu mwisho wa 2024, zamani ilikuwa 300,000. Kama uko kwa kiwango cha asilimia 30 hiyo ni 108,000 kwa mwaka, elfu 9 kwa mwezi. Watu wengi hawaidai kabisa, wanapeleka ritani bila hata kuomba barua ya riba kutoka benki.

Kabla hamjasaini ombeni vitu viwili kwa maandishi: gharama jumla ya mkopo kwa shilingi, na jedwali la malipo mwezi kwa mwezi mpaka wa 240. Benki inapaswa kuwapa. Akisema sistimu iko chini mwambieni mtarudi ikiwa juu.

Jambo lingine, ulizeni kama wanakopesha kupitia ile kampuni ya KMRC iliyoanzishwa 2018, inayowapa mabenki na masako pesa ya bei rahisi ili wakopeshe wenye kipato cha wastani. Kuna masharti ya mapato na kiwango cha mkopo, si kila mtu anaingia. Ila mkiingia, riba inakuwa chini ya kumi. Kwa asilimia 9.5 milioni 5 hiyo hiyo kwa miaka 20 ni 46,607 kwa mwezi na jumla milioni 11.2. Tofauti milioni 3.7. Afisa anaweza asiitaje kabisa, kwa hivyo iteni kwa jina.

SWALI: Mjomba vipi. Mimi nilichukua milioni 5 mwaka 2022 kwa asilimia 14. Mwaka 2024 nikaletewa meseji riba imekuwa 17, malipo yakatoka 62 kwenda karibu 73. Nikalipa tu nitafanya nini. Sasa naskia kila siku Benki Kuu imeshusha riba, imeshusha riba, na yangu iko 16. Walipopandisha haikuchukua hata wiki mbili. – Baba Utawala

Baba pole, na si wewe peke yako.

Mkopo wako ni wa riba inayoelea, kama karibu mikopo yote ya nyumba hapa kwetu. Ile 14 uliyosaini haikuwa ahadi ya miaka 20, ilikuwa bei ya siku hiyo. Benki Kuu ilipandisha kiwango chake mpaka asilimia 13 Februari 2024 na mabenki yakafuata mbio. Kuanzia Agosti 2024 ikaanza kushusha, kufikia Agosti 2025 ilikuwa 9.5, na mabenki yakashuka kwa mwendo wa kinyonga, mpaka Benki Kuu yenyewe mwaka 2025 ikaja juu ikiwaambia washushe. Kwa hivyo unacholalamikia kinajulikana mpaka juu.

Wacha nikuonyeshe ile 17 ilifanya nini, manake kuna kitu hapo watu hawakioni. Baada ya miaka miwili deni lako lilikuwa bado kama milioni 4.89. Asilimia 17 ya hiyo kwa mwezi ni 69,300 hivi, riba peke yake. Yaani malipo yako ya zamani ya 62,176 yasingetosha hata riba, deni lingekuwa linakua huku unalipa. Ndo maana ukapandishwa mpaka 72,800. Na ndo maana ukisikia mtu anasema "mimi niliwaambia waniongezee miaka tu wasiguse malipo", kwa hali kama yako hata wangemwongezea miaka mia isingeisha. Kila asilimia moja ikipanda kwa deni lako ni kama elfu 49 kwa mwaka, za riba tupu.

Cha kufanya. Toa ile barua ya ofa, tafuta mahali pamesema riba inahesabiwa vipi, utaona kuna kiwango cha msingi na juu yake benki imeweka chake. Kiwango cha msingi kikishuka, chako kinatakiwa kushuka. Andika barua, si kupiga simu, uulize kimeshuka ngapi na lini chako kitafuata. Simu inasahaulika, barua ina muhuri.

Wakikuzungusha, zungukia mabenki mengine na hiyo jedwali yako. Ukipata 14, hiyo ni asilimia mbili chini, kwa deni la milioni 4.8 ni kama 96,000 mwaka wa kwanza. Lakini kuhama kuna bei: kuondoa rehani ya zamani, kusajili mpya, wakili, mthamini tena. Tuseme inakula laki 2, basi unahitaji miaka miwili na zaidi kidogo kuirudisha, na bado umebakisha mingi, kwa hivyo inalipa. Kama ungekuwa umebakisha minne ningekwambia kaa hapo hapo uvumilie. Mara nyingi lakini ukionyesha ofa ya benki nyingine, yako inapata huruma ghafla.

Na ukiona mwezi unakushinda, nenda mapema kabla hujakosa. Sheria ya Ardhi ya 2012 inampa mkopaji notisi ya siku 90 kwanza, alafu ya siku 40 kabla ya kuuza, alafu dalali wa mnada naye ana notisi yake ya siku 45, na benki haiwezi kuitupa nyumba kwa bei ya bure, inatakiwa kutafuta bei nzuri. Kuna pia ile sheria kwamba mkopo ukishaharibika, riba inayorundikana haitakiwi kupita kiasi cha deni kilichokuwepo ulipoharibika. Ni ulinzi, ndiyo, lakini ni ulinzi wa mtu ambaye tayari yuko taabani, na kila notisi hapo ina wakili anayelipwa na wewe.

SWALI: Mimi na mke wangu sote walimu. Kuna watu wanajenga nyumba hapa karibu wanatupa mkopo wa milioni 3, miaka 10, riba 10 tu. Benki inataka 14. Rafiki yangu anasema bado tuende benki. Mjomba, kwani 10 si ni ndogo kuliko 14? – Mwalimu, Voi

Kumi ni ndogo kuliko 14, mwalimu, wanafunzi wako wako salama. Swali ni asilimia kumi ya nini.

Hao wanaojenga nina hakika karibu yote wanatoza riba ya flati, yaani asilimia 10 ya milioni 3 yote kila mwaka, mwaka wa kwanza na mwaka wa kumi, hata ukiwa umebakisha laki moja. Hiyo ni 300,000 mara 10, milioni 3 ya riba, jumla milioni 6, kila mwezi 50,000. Benki inatoza 14 kwa deni linalobaki tu, kila mwezi ni 46,580, jumla milioni 5.59. Ile ya "kumi tu" ni ghali kwa laki 4. Ukiigeuza ihesabiwe kama ya benki, hiyo kumi ni karibu asilimia 16.

Hawajadanganya, ndo uzuri wao. Uliza swali moja tu: nikimaliza mwaka wa tano nikitaka kulipa yote, nitalipa ngapi? Kama jibu ni "malipo yaliyobaki yote", ondoka. Alafu kumbuka makato yote kwa mshahara hayatakiwi kupita theluthi mbili, na nyinyi walimu najua mkopo wa sacco uko hapo na wa harusi ya kaka uko hapo, kwa hivyo pigeni hesabu ya kilichobaki mkononi kabla ya ile ya riba.

SWALI: Asalaam aleikum ami. Nimepata nyumba Kisauni milioni 1 na laki 8, kubwa ina baraza na kisima, wenzake huku zinaenda 6. Benki mbili zimekataa kunikopesha, wanasema haina ardhi. Je niende benki ya Kiislamu, huko si hakuna riba itakuwa rahisi? – Dada wa Kisauni

Waaleikum salaam mwanangu. Hapo umeuliza mawili na nitaanza na la nyumba. Hiyo ni nyumba bila ardhi, nyinyi wa Mombasa mnaijua kuliko mimi. Kuta ni zako, kiwanja ni cha mtu mwingine na unamlipa kodi ya ardhi kila mwezi. Benki inakopesha kwa kushika hatimiliki, na hapo hakuna hatimiliki yako ya kushika, kwa hivyo hata benki ya Kiislamu itakwambia hivyo hivyo, si suala la dini. Bei ni ndogo kwa sababu hiyo. Ukinunua utanunua keshi, utalipa kodi ya kiwanja isiyo na mwisho, mwenye ardhi akiuza utakaa roho juu, na ukitaka kuuza mnunuzi wako naye hatapata mkopo. Wako waliozaliwa na kuzeeka ndani ya nyumba hizo bila matatizo, sikatai. Lakini usiiweke kwa mizani moja na ya milioni 6 yenye karatasi.

La pili, benki za Kiislamu. Wengi wanatumia musharaka unaopungua, benki na wewe mnanunua pamoja, wewe unalipia upangaji wa fungu la benki na kulinunua kidogo kidogo mpaka inakuwa yako. Kama unaitaka kwa imani yako, sababu hiyo inatosha, huhitaji nyingine. Ila usidhani ni rahisi kwa sababu haiitwi riba. Omba jumla ya shilingi utakazolipa mpaka mwisho, uiweke kando ya jumla ya benki nyingine. Nimeona zikiwa chini na nimeona zikiwa juu. Na kama umeolewa, ukichukua mkopo kwa nyumba mnayoishi mwenzako atatakiwa kukubali kwa maandishi, sheria hiyo haichagui benki.

SWALI: Mjomba nimepata bonasi laki 3. Mkopo wangu ni kama hiyo mifano yako ya kila siku, 5 milioni, 14, miaka 20, nimelipa miaka mitatu. Nipunguze mkopo ama ninunue ploti? Kupunguza laki 3 kwa milioni 5 naona kama kutupa baharini. – Kijana wa Ruaka

Deni lako saa hii ni milioni 4.83. Ukitia laki 3 na uendelee kulipa 62,176 ile ile, utamaliza miezi 40 mapema. Miaka mitatu na miezi minne ya malipo, karibu milioni 2.5, hutailipa. Ploti ya laki 3 inayokupa hivyo bila fensi, bila wakili na bila kuuziwa watu wawili, niletee na mimi ninunue. Na wale wasio na bonasi, elfu 10 zaidi kila mwezi kuanzia mwanzo inaleta mkopo huo chini ya miaka 12.

Lakini sikiliza vizuri hapa, manake ndo watu wanapoteza. Ukiweka hiyo laki 3 kwa akaunti ya mkopo bila kusema kitu, benki nyingine zinaihesabu kama umelipa miezi minne na kitu mbele, deni halishuki mara moja, na wewe unafikiri umeokoa. Ama zinapunguza malipo ya mwezi na kuacha miaka vile vile. Andika barua: hii pesa ipunguze deni leo, malipo yangu ya mwezi yabaki, muda ndo upungue. Uliza kwanza kama kuna faini ya kulipa mapema, iko kwa barua ya ofa, kawaida kurasa za nyuma. Baada ya wiki mbili dai jedwali jipya, na kama mwezi wa mwisho bado ni ule ule wa zamani, rudi na nakala ya barua yako.